Kituo cha treni chini ya Barabara ya Tom Mboya kingehitaji nini?

Kila msimu wa masika, magari yanapokwama kwenye Barabara ya Thika hadi kondakta anashuka, ananunua mahindi ya kuchoma na kurudi akiikuta matatu yake pale pale alipoiacha, mazungumzo ya abiria huelekea mahali pamoja: kwa nini Nairobi haina treni ya chini ya ardhi? Mmoja huonyesha kwenye simu picha ya kituo cha Moscow chenye nguzo za marumaru na taa zinazoning'inia kama za ukumbi wa harusi. Mwingine hujibu kwamba udongo wetu hauwezi kubeba mambo hayo. Wa tatu husema kwamba mbona tayari tunalo handaki kule Ngong. Na wa nne, mara nyingi mzee ambaye hajafungua kinywa tangu Githurai, huuliza mji unaofurika kwa mvua ya saa moja unakwenda kutafuta nini huko chini.

Kila mmoja wao ameshika kipande cha ukweli, lakini vipande hivyo havikutani kwa sababu wote wanne wanazungumzia handaki, yaani shimo refu ambamo treni hupita. Kwa maoni yangu, na nitajaribu kuonyesha kwa nini, handaki ndilo jambo jepesi zaidi katika kazi hii. Uzito wote umelala kwenye kituo: pale treni inaposimama, watu wanaposhuka na kupanda, hewa inapoingizwa, maji yanapotolewa na fedha zinapokwisha.

Kabla ya kushuka huko chini, tukubaliane kuhusu majina. Neno metro limezoeleka Nairobi kama jina linaloandikwa ubavuni mwa mabasi, lakini katika usafiri lina maana mahususi: ni treni ya umeme ya ndani ya mji, inayopita kwenye njia yake peke yake bila kukatana na barabara hata mara moja, na inayokuja kila baada ya dakika chache kiasi kwamba abiria hana haja ya kujua ratiba. Ufafanuzi huo hausemi chochote kuhusu kuwa chini ya ardhi. Mtandao wa London, ambao jina lake lenyewe lina maana ya chini ya ardhi, una vituo 272, na zaidi ya nusu ya njia zake ziko juu, penye jua na mvua. Kwa hiyo Madaraka Express, treni ya Nairobi hadi Mombasa iliyoanza safari mwaka 2017, si metro, kwa kuwa huunganisha miji iliyo mbali. Treni ya Tanzania iliyoanza kubeba abiria kutoka Dar es Salaam mwaka 2024 si metro vilevile, japokuwa inaendeshwa kwa umeme. Treni za abiria zinazotoka katikati ya Nairobi kwenda Ruiru, Kikuyu, Embakasi na Syokimau ni za ndani ya mji kweli, ila zinakatana na barabara na hupita kwa nadra. Mwendokasi wa Dar es Salaam, ulioanza mwaka 2016, ni basi lililopewa njia yake.

Kituo cha chini ya ardhi, nacho, ni jengo la ghorofa lililojengwa kuelekea chini. Ghorofa ya kwanza kutoka juu ni ukumbi wa tiketi na mageti; ya pili, au ya tatu, ni jukwaa ambapo abiria husubiri treni; na kuzunguka sehemu hizo kuna vyumba ambavyo abiria havioni kamwe, vya feni, pampu, nyaya na transfoma. Sakafu yake ya chini kabisa ndiyo inayolingana na njia ya treni.

Majengo ya aina hii si mapya. Reli ya kwanza ya abiria ya chini ya ardhi ilifunguliwa London tarehe 10 Januari 1863, ikavutwa na injini za mvuke, na mtu anaweza kukisia hali ya mapafu ya wasafiri wake. Treni za umeme zilianza kupita katika mahandaki ya kina kirefu ya mji huo mwaka 1890. New York ilifuata mwaka 1904. Barani Afrika, Cairo ilitangulia mwaka 1987, na wafanyakazi wa Johannesburg na Pretoria walipata treni yao ya Gautrain, yenye vituo vya chini ya ardhi Sandton, Rosebank na Park, kuanzia mwaka 2010.

Sasa tuchukue mahali tunapopafahamu. Tuseme serikali imeamua kwamba kituo kimoja kitakaa chini ya Barabara ya Tom Mboya, karibu na jengo la Nyaraka za Kitaifa, lile ambalo kila mtu huliita Archives. Ni mahali pa kukutania pa mji mzima, na ni haki kwamba treni nayo isimame hapo. Treni ya mabehewa 8, kila behewa likiwa na urefu wa mita 20, inahitaji jukwaa la mita 160. Ukiongeza vyumba vya mitambo kwenye ncha zote mbili, unafika mita 200, ambao ni urefu wa karibu viwanja viwili vya mpira vilivyopangwa kimoja baada ya kingine. Upana tuseme mita 20, na kina mita 20. Ukizidisha, utapata mita 80,000 za ujazo za udongo na mawe zinazopaswa kutolewa katikati ya jiji. Lori likibeba mita 16 za ujazo kila mara, hizo ni safari 5,000, na hapo sijahesabu kwamba udongo ukifukuliwa huvimba.

Linganisha na handaki. Handaki la njia moja lenye kipenyo cha mita 6 hutoa mita za ujazo zinazokaribia 28,000 kwa kila kilomita. Maana yake ni kwamba kituo kimoja tu kinafukua ardhi nyingi kuliko kilomita nzima ya mahandaki mawili, la kwenda na la kurudi. Tena handaki huchimbwa na mashine inayotambaa kama fuko, kimyakimya, huku ikipanga vipande vya zege nyuma yake, na mtu anayeuza viatu juu yake huenda asijue kwamba imepita. Kituo hakiwezi kujificha namna hiyo, kwa sababu ni lazima kifike juu.

Kuna njia mbili kuu za kukijenga. Ya kwanza ni ya kuchimba na kufunika. Ni kama mtu anayezika bomba la maji uani kwake: anafukua mtaro, analaza bomba, anafukia. Reli ya London ya 1863 ilijengwa hivyo, na sehemu kubwa ya New York pia, ndiyo sababu katika vituo vingi vya New York abiria hushuka ngazi chache tu na kujikuta jukwaani. Kero yake ni kwamba barabara hufungwa. Chini ya barabara ya zamani kama Tom Mboya kuna mabomba ya maji, mabomba ya majitaka, nyaya za umeme na nyaya za intaneti, na kila kimoja kinapaswa kuhamishwa kabla ya jembe la kwanza kuzama. Juu yake kuna maduka, wachuuzi na steji za matatu, ambazo kila moja ina wenyewe. Wahandisi hupunguza maumivu hayo kwa kujenga kuta za zege kwanza, kisha paa, kisha kurudisha barabara juu ya paa hilo, ndipo wachimbe chini yake magari yakiendelea kupita. Ni sawa na kuezeka nyumba kabla ya kuchimba sebule, na inafanya kazi vizuri.

Njia ya pili ni kuchimba kituo kutoka ndani, kama mgodi, kupitia shimo moja au mawili ya wima. Barabara hubaki wazi, lakini gharama hupanda, kasi hushuka, na kituo hulazimika kwenda kina kirefu ambako mwamba unaweza kujibeba wenyewe. Hapo ndipo watu huanza kuvutiwa na vina vya kutisha. Kituo cha Arsenalna, mjini Kyiv, kilichofunguliwa mwaka 1960, kiko mita 105.5 chini ya ardhi. Jumba la mikutano la KICC, hapa Nairobi, lina urefu wa mita 105. Kwa hiyo lizamishe KICC lote kwa kichwa katika shimo, na jukwaa la Arsenalna litakuwa pale kilele chake kinapogusa chini. Lakini kina hicho hakikutafutwa kwa fahari. Kituo kiko chini ya kilima kirefu kando ya Mto Dnipro, na treni inayotoka hapo inapaswa kuvuka mto huo juu ya daraja muda mfupi baadaye. Treni haipandi mlima kama bodaboda. Metro nyingi hazizidi kupanda mita 4 kwa kila mita 100 za mwendo, kwa hiyo kilima kikipanda ghafla, reli hubaki chini na kituo ndicho hurefushwa ngazi. Mtu anayechora njia ya kutoka katikati ya Nairobi kwenda Upper Hill angekutana na tatizo la jamii hiyo hiyo, ingawa kwa kiwango kidogo zaidi.

Abiria wetu mwenye picha ya Moscow, kama wengi, anaamini kwamba treni ya chini ya ardhi haina foleni. Treni zenyewe huenda zisiwe nayo, lakini kituo kinaweza kuwa na foleni mbaya kuliko ya barabarani, na hapa ndipo panapotenganisha kituo kizuri na shimo la gharama. Katika njia ya Victoria ya London, wakati wa msongamano, hupita treni 36 kwa saa, yaani moja kila sekunde 100. Tuseme treni kama hiyo inafika Archives asubuhi na watu 800 wanashuka. Hao 800 wana sekunde 100 za kuliacha jukwaa kabla ya 800 wengine kumwagwa juu yao. Ngazi moja ya umeme hupandisha watu kama 100 kwa dakika. Piga hesabu: zinahitajika ngazi 5 za umeme zinazopanda, zote zikiwa nzima, na hapo hatujawahesabu wanaoshuka, wala mama aliyebeba mtoto na mzigo wa Gikomba anayehitaji lifti. Upungufu wa ngazi mbili ukitokea, jukwaa hujaa, wanaotaka kushuka kwenye treni hawapati pa kukanyaga, treni hushindwa kufunga milango, iliyo nyuma yake husimama ndani ya handaki, na kero hiyo hurudi nyuma kituo baada ya kituo hadi mwisho wa njia. Aliyewahi kutoka Uwanja wa Nyayo baada ya mechi kubwa, watu wote wakielekea lango moja, anaielewa hesabu hii bila kalamu.

Ndiyo sababu wapangaji wa vituo hubishana kwa miezi kuhusu vitu vinavyoonekana vidogo. Jukwaa moja la katikati, lenye reli pande zote mbili, huokoa ngazi na lifti, kwa sababu seti moja hutumikia pande zote. Majukwaa mawili ya pembeni huwatenganisha wa kwenda na wa kurudi, lakini kila kitu hununuliwa mara mbili. Milango ya behewa ikiwa mipana, sekunde chache huokolewa. Hata namna ya kulipa ina uzito wake: yeyote aliyesimama nyuma ya mtu anayesubiri ujumbe wa malipo uingie kwenye simu yake anajua kwamba mji huu utahitaji kadi ya kugusa, na ya haraka.

Upana wa ngazi na idadi ya milango ya kutokea hazipimwi kwa siku ya kawaida peke yake. Kanuni ya Marekani ambayo miji mingi huifuata hutaka watu wote waweze kuondoka jukwaani katika dakika 4 na kufika mahali salama katika dakika 6 kukitokea moto. Kanuni hiyo moja huongeza ngazi za dharura, milango ya pembeni na njia ambazo huenda zisitumike hata mara moja kwa miaka 50. Anayeona milango hiyo imefungwa hudhani ni ufujaji.

Hofu ya moto hutupeleka kwenye hofu kubwa zaidi niliyoisikia, kwamba watu watakosa hewa. Treni yenyewe ni sehemu ya jibu. Ndani ya handaki jembamba, treni husukuma hewa iliyo mbele yake na kuivuta iliyo nyuma, kama kitako cha pampu ya baiskeli kinavyofanya ndani ya bomba lake. Upepo unaokupiga usoni jukwaani kabla hujaona taa za treni ndio huo. Mashimo ya wima yanayofika juu, ambayo barabarani huonekana kama wavu wa chuma tu, huiachia hewa iingie na kutoka.

Tatizo halisi ni joto. Treni inapofunga breki, injini zinapofanya kazi na watu elfu wanapopumua, joto huzalishwa, na halina pa kwenda. Udongo wa mfinyanzi unaozunguka mahandaki ya zamani ya London umelimeza joto hilo kwa zaidi ya miaka 100 hadi sasa hauwezi kulimeza tena, na katika baadhi ya njia hizo majira ya joto ni mateso ya kweli. Singapore, iliyofungua metro yake mwaka 1987 katika hali ya hewa ya joto, iliweka ukuta wa vioo wenye milango kati ya jukwaa na reli ili ubaridi wa jukwaani usikimbie ndani ya handaki; faida ya kuzuia watu wasianguke relini ilipatikana humo humo. Nairobi, iliyo kwenye kimo cha zaidi ya mita 1,600 na yenye usiku wa Julai unaowatoa watu makoti kabatini, ingekuwa na nafuu ambayo Singapore haina.

Moto, hata hivyo, haupimwi kwa hali ya hewa. Jioni ya tarehe 18 Novemba 1987, katika kituo cha King's Cross mjini London, kiberiti kilichowaka kilianguka chini ya ngazi ya umeme ya mbao, kikakuta vumbi na grisi za miaka mingi. Watu 31 walikufa. Mbao ziliondolewa, na tangu hapo hakuna mhandisi anayeaminika anayezungumzia kituo bila kuzungumzia moshi. Feni kubwa zinazowekwa kwenye vituo vya leo zina uwezo wa kupeleka hewa upande wowote, na kazi yake siku ya moto ni kuuvuta moshi upande mmoja huku watu wakielekezwa upande mwingine. Feni hizo zinahitaji umeme hata pale mji mzima ulipo gizani. Usiku wa tarehe 25 Agosti 2023 umeme ulipopotea karibu nchi nzima, wengi wetu tuliwasha mishumaa na kungoja. Kituo hakina ruhusa ya kungoja, kwa hiyo hupewa njia mbili tofauti za umeme, betri na jenereta za kutosha taa, feni na pampu.

Pampu zinatufikisha kwa mzee wa Githurai, ambaye hoja yake ndiyo ninayoiheshimu kuliko zote. Kuna maji ya aina mbili na watu huyachanganya. Ya kwanza ni maji ya ardhini, yanayokaa ndani ya nyufa za mwamba na kati ya punje za udongo mwaka mzima. Chukua sufuria tupu uisukume ndani ya beseni la maji: itapambana nawe, itataka kupanda. Kituo kilichozamishwa mahali penye maji mengi ya ardhini husukumwa juu vivyo hivyo, na wahandisi hukizuia kwa uzito wa zege au kwa nguzo zinazokishikilia chini. Maji hayo pia hupenya. New York hulazimika kupampu lita zinazokaribia milioni 49 kila siku kutoka kwenye reli zake za chini, hata siku ambayo hakujanyesha. Gautrain ilikwama kwa jambo hilo: sehemu ya Rosebank hadi Park ilichelewa kufunguliwa hadi mwaka 2012 kwa sababu maji yalikuwa yakiingia ndani ya handaki kupita kiasi kilichokubaliwa.

Ya pili ni maji ya mvua yanayoingia kwa ngazi za kituo kama yanavyoingia kwenye duka lililo chini ya barabara. Haya ndiyo yanayoua. Tarehe 20 Julai 2021, katika mji wa Zhengzhou nchini Uchina, mvua kubwa ilivunja kinga na kujaza handaki, na watu 14 walikufa ndani ya metro. Kinga za maji haya ni za kawaida mno, ndiyo maana huwa rahisi kuzipuuza. Bangkok, mji ulio chini na unaofurika, uliinua milango ya vituo vyake, hivi kwamba abiria hupanda ngazi kwanza kutoka kando ya barabara ndipo ashuke. Kuna pia malango ya chuma yanayoweza kufungwa. Kwa Nairobi, ambayo jina lake lenyewe latokana na maneno ya Kimaasai yanayohusu maji baridi, na ambayo mafuriko ya Aprili na Mei 2024 bado hayajasahaulika, ngazi zilizoinuliwa zingekuwa za lazima. Lakini mitaro iliyozibwa na takataka juu ya kituo haiwezi kurekebishwa na kituo. Mzee anakosea akisema haiwezekani. Hakosei akisema tuanze na mitaro.

Kuhusu udongo, jibu ni fupi. Udongo mweusi wa mfinyanzi unaovimba wakati wa mvua na kupasuka wakati wa kiangazi, ule unaozifanya nyumba nyingi za mashariki mwa mji kupata nyufa, ni tabaka la juu tu. Chini yake kuna miamba iliyotokana na volkano, migumu na milaini ikipishana, na majengo ya Upper Hill yenye maegesho ya chini ya ardhi yamekwisha kuichimba. Miji yenye ardhi mbovu kuliko yetu imejenga metro. Mexico City iko juu ya ziwa lililokauka na ina metro tangu 1969. Amsterdam ilijenga njia yake ya kaskazini-kusini chini ya nyumba za kale zilizosimama juu ya magogo. Ilianza mwaka 2003, na mwaka 2008 nyumba zilizokuwa karibu na kituo cha Vijzelgracht zikazama kwa sentimita kadhaa kwa sababu maji yalipenya kwenye ukuta wa shimo, na njia ikafunguliwa mwaka 2018. Tazama ajali hiyo ilitokea wapi: kwenye shimo la kituo.

Na handaki la Ngong? Lipo, na lina urefu wa kilomita 4.5, likiwa sehemu ya reli ya kisasa (SGR) inayoelekea Naivasha. Kule Murang'a kuna handaki jingine la kilomita 11.8 la kukusanya maji kwa ajili ya Nairobi. Abiria wa tatu ana haki ya kujivunia kwamba nchi hii imekwisha kupasua milima. Ila hakuna hata moja kati ya hayo lenye kituo ndani yake. Matetemeko nayo yanaogopwa kupita kiasi, kwa kuwa jengo lililoshikwa na ardhi pande zote hutikisika pamoja nayo badala ya kuyumba kama mnazi. Hata hivyo, mjini Kobe, Japani, kituo cha Daikai kiliporomoka mwaka 1995 nguzo zake za katikati ziliposhindwa.

Fedha zinaeleza habari hiyo hiyo kwa lugha nyingine. Awamu ya kwanza ya njia ya Second Avenue ya New York, iliyofunguliwa tarehe 1 Januari 2017, iligharimu takriban dola bilioni 4.5 kwa chini ya kilomita 3 na vituo vipya 3. Mkataba wa kwanza wa kuchimba mahandaki yake ulikuwa wa dola milioni 337. Sehemu kubwa ya zilizobaki ilikwenda kwenye vituo, ambavyo vilijengwa vikubwa mno, vyenye kumbi za urefu wa kituo kizima. Copenhagen ilichagua kinyume. Metro yake, iliyofunguliwa mwaka 2002, hutumia treni fupi za mita 39 hivi, zisizo na dereva, zinazokuja mara kwa mara, na kwa kuwa treni ni fupi, kituo nacho ni kisanduku cha mita 60 tu, kilichochorwa mara moja na kurudiwa mahali pengi. Kuleta treni nyingi fupi badala ya chache ndefu ni uamuzi wa ratiba, lakini unafanya kazi ya kupunguza shimo. Ningependa kuwasikia wanasiasa wakibishana kuhusu urefu wa treni badala ya rangi yake.

Mfano ulio karibu nasi zaidi, kwa mawazo yangu, ni Cairo. Njia yake ya kwanza haikuchimbwa kutoka mwanzo hadi mwisho. Mji ulikuwa na reli mbili za zamani zilizopita juu ya ardhi, moja ikitoka Helwan kusini na nyingine El Marg kaskazini, ambazo zote ziliishia kabla ya kukutana. Kilichochimbwa ni sehemu ya kati isiyofika kilomita 5, yenye vituo 5 vya chini ya ardhi, kikiwemo cha Sadat chini ya uwanja wa Tahrir. Sehemu hiyo fupi ilizigeuza reli mbili kuukuu kuwa njia moja inayokata mji. Njia ya pili ilikuja kupita chini ya Mto Nile mwaka 1999.

Nairobi ina reli kuukuu pia. Zinatoka Ruiru kupitia Githurai na Dandora, zinatoka Kikuyu, Embakasi na Syokimau, na zote humalizikia kwenye stesheni ileile iliyo ukingoni mwa katikati ya mji, ambapo abiria wa Githurai anayefanya kazi Westlands hushuka, akavuka Haile Selassie kwa miguu na kuanza kutafuta matatu ya pili. Reli hizo zingehitaji umeme, njia mbili badala ya moja, na madaraja kila zinapokutana na barabara, na kazi yote hiyo ni ya juu ya ardhi na ya bei nafuu zaidi. Kisha ingebaki sehemu ya kati: kutoka stesheni, kupita chini ya Archives, chini ya Mto Nairobi, chini ya kilima cha Museum Hill, hadi Westlands. Vituo vinne au vitano.

Kazi ya namna hiyo ikianza siku moja, hapatakuwa na treni ya kupiga picha kwa miaka mingi. Dalili ya kwanza itakuwa mashine ndogo ya kuchimba visima kando ya Barabara ya Moi, usiku, ikitoa vipande virefu vya mwamba vyenye umbo la mrija, na kijana mwenye tochi akivipanga ndani ya masanduku ya mbao na kuandika kwenye kila kimoja kimetoka mita ngapi chini.